Maneno Ambayo Mama Ngalula Hakuyasema

Élisabethville, kambini, Ijumaa alasiri

Serafina, mwanangu,

Sanduku lako limekwisha fungwa. Mama yako amekueleza habari za blanketi, za maji ya kunywa ndani ya meli, na za mjomba wako Banza, ambaye hulala tangu treni inapoanza kutembea hata inaposimama, kwa hiyo wewe ndiwe utakayemlinda yeye. Hayo sitayarudia. Mama yako anayajua kuliko mimi, na tangu asubuhi ameyasema mara tatu.

Mimi nina jambo moja. Ni baya, na ndiyo maana ninaliandika. Maisha yangu yote nimefanya kazi ya maandishi. Jambo likiwa zito, mdomo wangu hunisaliti. Utaona hapa chini siku mdomo huo uliponisaliti kuliko zote.

Nianze na Jumapili iliyopita, kwa sababu tangu siku hiyo unanitazama kwa jicho la kuuliza, nami najifanya sioni. Tulikuwa mezani. Ulisimama na ile karatasi ya majaribio waliyokutumia kutoka Léopoldville, kutoka nyumba ya matangazo inayokwenda kukuajiri, ukatusomea kwa sauti ile tamu ambayo Masista walikufundisha kuitoa kifuani:

“Mimi, mama wa watoto watatu, nyumbani kwangu hatujui maziwa mengine ila haya!”

Mama yako akaweka kijiko chini. “Batoto batatu! Na bwana umemuficha wapi?”

“Bwana iko mu kopo,” mjomba wako akasema. “Banamuuza pamoja na maziwa.”

“Basi bafungue mbio, asikose pumuzi!”

Mlicheka hadi jirani akagonga ukuta kuuliza kuna sherehe gani. Mimi niliinuka nikatoka nje. Mama yako alikuambia kwamba tumbo linaniuma. Ulidhani nimeichukia kazi yako, au sauti yako. Sivyo. Nilikuwa nimeyasikia maneno ya namna hiyo zamani, kabla hujajua kutembea, na aliyeyatunga nilikuwa mimi.

Unanijua kama mtu wa gazeti, na katika kambi hii jina hilo limenipa heshima nisiyostahili. Nilitoka Mitwaba nikiwa kijana, Mapadre wamekwisha kunifundisha Kiswahili cha kitabu, kwa fimbo, hata nikawa ninasahihisha sala za watu kanisani kimoyomoyo. Kampuni ya migodi, wenye kambi hii, ilipotaka gazeti la kuwasomesha wafanyakazi wake, *Rafiki wa Kambi*, walitafuta mtu wa kufasiri Kifaransa na kupanga herufi za risasi, moja moja, kinyumenyume, kama mtu anayesoma ndani ya kioo. Nikapata kazi hiyo. Nilifurahi kama unavyofurahi wewe leo. Naomba ulikumbuke hilo unaposoma yanayofuata. Sikuingia pale kama mtu mwovu. Niliingia kama mtu anayependa sentensi iliyonyooka.

Mhariri wetu wa wakati ule tulimwita Bwana Mukasi, kwa sababu kila ulichomletea alikikata. Ukimletea habari ya mtu aliyevunjwa mguu na gari la mawe, mguu ulikatwa, akabaki mtu, tena anatabasamu. Ukimletea malalamiko ya unga wa posho ulioingia wadudu, malalamiko yalikatwa, ukabaki unga. Ukurasa wa barua za wasomaji tuliuandika sisi wenyewe, watu wawili, mezani, baada ya chai. Mimi nilikuwa hodari sana wa barua hizo. Nilikuwa mpishi kijana anayemshukuru daktari. Nilikuwa mzee wa tanuru anayesifu nidhamu. Mara moja nilikuwa mjane.

Usidhani watu walidanganyika. Hilo ndilo mabwana wa gazeti hawajalifahamu hata leo. Jumamosi, gazeti likigawanywa, watu walikusanyika mbele ya nyumba ya kinyozi, mwenye kujua kusoma akasimama katikati.

“Soma, mukubwa, soma uongo ya leo!”

“Inasema kila asubui tunakunywa chai na mukate.”

“Kambi gani?”

“Yetu.”

“Labda kuko ingine yenye jina yetu. Waulize njia, tuhamie!”

Kisha gazeti lilifungiwa karanga. Watu wetu, ambao Bwana Mukasi alisema ni watoto wasioweza kupima neno, walilipima kila wiki na kuliona jepesi. Ila walilipima upande mmoja. Habari walizikataa. Matangazo waliyaamini. Tangazo lilikuwa na picha, na picha ilikuwa ya mtu wanayemjua, mwenye jina, anayechota maji pamoja nao bombani. Uongo kuhusu chai ulikuwa wa Kampuni. Neno lililoandikwa chini ya uso wa jirani lilikuwa la jirani.

Sasa nikuambie habari za Mama Ngalula.

Unamjua. Ni yule muuza samaki wakavu wa soko la Kenya, mtaa wa hapa mjini, anayekaa pembeni karibu na mafundi wa baiskeli, ambaye tangu utoto wako hukuongezea samaki wawili juu ya fungu. Ulipokuwa na miaka kumi uliniuliza kwa nini. Nilikujibu kwamba ni kwa sababu una adabu. Nilisema uongo.

Alikuwa jirani yetu. Nyumba yake na yetu ziliegemeana ukuta mmoja, humu humu kambini. Mumewe, Kazadi, alifanya kazi kwenye tanuru. Wote wawili walitoka Kasai. Alizaa mtoto mwanamume, Mulumba, wiki tatu kabla mama yako hajakuzaa wewe. Mama yako alishikwa na homa baada ya kujifungua, akapelekwa hospitali, akalala huko muda mrefu, na maziwa yakamkauka. Wewe ulikuwa ukilia kwa sauti ambayo sijaisikia tena mpaka ulipoanza kuimba kwa Masista. Siku ya pili ya kilio hicho Mama Ngalula aliingia bila kubisha.

“Leta huyu mutoto. Unamutazama utazani ni gazeti.”

Akakaa juu ya kigoda, Mulumba upande huu, wewe upande ule. Akafanya hivyo mchana na usiku hadi mama yako aliporudi, na hata baada ya hapo. Hukuonja maziwa ya mnyama wala ya kopo mpaka ulipoota meno. Ulikuwa mnene. Ninyi wawili mlikuwa wanene kama vibuyu.

Wakati huo kulikuwa na desturi ya kupima watoto kwenye zahanati ya kambi. Mara moja kwa mwaka mtoto aliyepita wenzake uzito alipewa zawadi, na mama yake akapigwa picha. Mwaka huo alishinda Mulumba. Mama Ngalula alipata blanketi jekundu, picha ikatoka gazetini, nami nikaandika chini yake maneno ya kweli: jina lake, jina la mtoto, namba ya nyumba.

Wiki mbili baadaye aliingia ofisini mfanyabiashara mmoja wa mjini aliyeuza maziwa ya kopo. Aliipenda picha. Bwana Mukasi akaniita, akaniwekea picha mbele.

“Andika. Huyu mama kasema mtoto kanona juu ya maziwa ya kopo.”

“Bwana, huyu mama ni jirani yangu. Hajanunua kopo.”

“Hapana kauliza. Andika.”

“Itakuwa uongo, Bwana.”

Akacheka, si kwa ubaya, akaliita tangazo kwa Kifaransa chake: “Reklame haiko uongo. Reklame iko reklame.”

Nimelifikiri neno hilo miaka yote hii, na nakiri kwamba siku ile lilinipendeza. Lilikuwa kama mlango: nyuma yake mtu angeweza kusema lolote bila kuwa ndiye aliyesema. Nikakaa, nikaandika. Tena niliandika vizuri. Nayakumbuka kwa moyo, kwa aibu: “Mimi, Mama Ngalula, nilimwachisha mwanangu ziwa mapema, nikampa maziwa ya kopo. Tazameni matunda yake.” Nilijivunia lile neno “matunda”. Nilikuwa nikitafuta neno, Serafina, wakati nilipaswa kutafuta watu.

Maana mimi ni Muluba. Sikuhitaji mtu wa kunieleza. Kwetu, na kwao Kasai vilevile, mama hamwondoi mtoto ziwani kabla hajatembea na kukimbia. Anayemwondoa mapema huulizwa swali moja: umefanya nini? Watu hawaoni uvivu hapo. Wanaona mwanaume mwingine. Wanasema maziwa yameharibika kwa sababu ya mambo ya nje, naye ameyaficha kwa kumpa mtoto chakula kingine. Mzungu aliyeuza kopo hakujua hilo. Bwana Mukasi hakujua. Katika ofisi nzima aliyejua nilikuwa mimi peke yangu, na mikono iliyopanga herufi zile ilikuwa hii.

Mama Ngalula hakujua kusoma. Alisomewa bombani. Alikuja mlangoni kwetu na ndoo tupu mkononi.

“Baba Serafina, nasikia niko nasema mambo mu gazeti. Nilisema siku gani?”

Nikamwambia ni tangazo tu, watu watasahau.

“Batu basahau? Bibi ya kinyozi ameniuliza jina ya ule mwanaume!”

Akacheka, kwa kuwa bado ilikuwa ya kucheka. Kisha binamu wa Kazadi akakata kile kipande cha gazeti, akakitia ndani ya bahasha, akakipeleka Kasai. Baada ya mwezi mama yake Kazadi alishuka kutoka kwenye treni, kipande kile amekifunga kwenye pembe ya kitambaa chake.

Wakaita wazee wa kikao, uani kwa Kazadi, Jumapili baada ya misa. Mama yako, ambaye hata kusimama alikuwa bado anasimama kwa shida, alikwenda kutoa ushuhuda.

“Miye niliona kwa macho,” alisema. “Alinyonyesha wake, akanyonyesha na wangu.”

“Kama maziwa yalitosha wawili,” yule bibi akajibu, “kwa nini aliambia gazeti yalikwisha?”

“Hakuambia gazeti!”

“Gazeti ilitoa wapi picha yake? Ilitoa wapi jina? Miye sijui kusoma, lakini mwenye kunisomea alisema imeandikwa muzuri, kama mu Biblia.”

Kila walipozunguka walirudi kwenye kile kipande cha karatasi. Mwishowe mzee mmoja akanielekea mimi. Nilikuwa nimekaa kwenye benchi, nimevaa tai.

“Ilunga, weye unafanya kazi kule. Haya maneno ni ya huyu mama, ao si yake?”

Mama Ngalula alinitazama bila wasiwasi wowote. Aliniona kama mtu aliyekwisha jibu, kwa kuwa mtoto wangu alikuwa mgongoni mwake wakati ule ule. Ulikuwa umelala.

Nilikuwa nimeonywa kwamba anayetoa nje mambo ya ofisi hupoteza kazi, na anayepoteza kazi hutoka kambini jioni ileile. Mama yako alikuwa mgonjwa. Hizo ndizo sababu zangu. Nimeziangalia kila upande, nazo ni sababu za kweli, na hazinisaidii kitu. Nilisimama, nikasema sentensi hii:

“Gazeti huandika kinacholetwa.”

Sentensi fupi, iliyonyooka, isiyo na mtu ndani yake. Kila mmoja aliielewa kama alivyotaka, na wote walitaka kuielewa namna moja. Kazadi aliinamisha kichwa. Mama yake akamchukua Mulumba. Mama Ngalula alikufungua mgongoni polepole, akakuweka juu ya magoti yangu, akaingia ndani kufunga vitu vyake. Hakuniambia neno. Nilikuwa nimemaliza maneno yote, yake na yangu.

Mtoto alikwenda Kasai na bibi yake. Mama Ngalula alikwenda kupanga chumba Kenya, akaanza na samaki. Hakuolewa tena.

Nilikwenda kuungama. Padre aliniondolea dhambi na kunipa rozari tatu. Nilizisali. Hazikumrudishia mtu mtoto wake. Kisha nilimwendea Bwana Mukasi, nikamwomba mistari mitatu ya kusahihisha, mahali popote, hata chini ya ratiba ya misa. Akasema gazeti haliungami. Likiungama mara moja, watu wataliuliza mengine. Katika hilo alisema kweli. Nikarudi mezani pangu. Nilipanda cheo. Leo mimi ndiye mkuu wa wapanga herufi, na kwa miaka yote hiyo tangazo la maziwa limekuwa likitoka kwenye fremu ileile, ukurasa wa tatu, kona ya chini, kila mara na uso mwingine na “mimi” mwingine. Nyuso nyingine sizijui. Nilijifundisha kutozitazama.

Sasa unaweza kufikiri kwamba ninakukataza kwenda. Sikukatazi. Tangazo si dhambi. Yule fundi wa Kenya aliyetundika gurudumu la baiskeli juu ya mlango wake ametoa tangazo, na ukienda utamkuta fundi na utatengenezewa. Mwenye samaki akiita “samaki wa Kasenga!” nawe ukanusa, ukakuta ni wa Kasenga kweli, mmekutana watu wawili na kitu cha kweli katikati yenu. Nchi inahitaji gazeti. Inahitaji redio pia, na sauti za watoto wetu ndani yake, kwa lugha tunayoisikia. Wanaotaka tunyamaze wasipate furaha hiyo kutoka kwangu. Ninachokikataa ni lile “mimi” la kuazima. Mtu akikopesha kinywa chako kwa mwingine bila wewe kujua, amekuvua nguo mbele ya soko zima, nawe hujui hata wamecheka nini.

Wewe wanakuchukua kwa sababu ya sauti. Ni nzuri, nami sijakuambia vya kutosha kwamba ni nzuri. Watakuweka mbele ya chombo cha kunasia sauti, watakupa karatasi, utakuwa mama wa watoto watatu Jumatatu, mke wa askari Jumanne, bibi mwenye maumivu ya mgongo Alhamisi. Watakuambia hilo neno la Bwana Mukasi, kwa Kifaransa kizuri zaidi. Na ukisita, hawatakugombeza. Watakuuliza kwa upole: baba yako bado anakaa kwenye nyumba ya Kampuni? Mimi waliniuliza hivyohivyo. Hatukushikwa kwa mnyororo, Serafina. Tulishikwa kwa nyumba ya matofali yenye milango miwili.

Kwa hiyo nimefanya kitu.

Jumatatu iliyopita, siku moja baada ya kicheko chenu, nilikwenda soko la Kenya. Nilimkuta anapanga mafungu yake. Nilisimama mbele yake, nimevua kofia.

“Baba Serafina! Leo unatumwa samaki, bibi yako amekufukuza mu nyumba?”

“Nimekuja kuchukua maneno yako.”

Aliendelea kupanga samaki. “Maneno yangu? Uliyachukua zamani. Hukuniachia hata moja.”

“Yale yalikuwa yangu. Nataka yako. Nitayaandika kama utakavyosema.”

“Na ule mukasi wenu?”

“Wa sasa hajui kusoma Kiswahili. Anapima fremu tu.”

Hapo ndipo aliponitazama. Jirani yake wa meza, mama wa mihogo, akadakia: “Ngalula, huyu muzee anakutongoza?”

“Kama ni kutongoza, amechelewa ishirini ya miaka! Kaa chini, weye. Kaa pale pa gunia. Na uandike mbio, batu banataka samaki.”

Nilikaa juu ya gunia. Alisema, nikaandika. Sikunyoosha kitu, sikuongeza “matunda”.

Jana nilipanga herufi mwenyewe. Leo saa nne Bwana wa sasa alipita, akaweka rula juu ya kona ya ukurasa wa tatu, akaona fremu ina upana wake, akatia sahihi. Adhuhuri mashine ilikuwa imekwisha kazi. Sasa ninapoandika, mafurushi yamefungwa kamba na yamo ndani ya gari, na kesho asubuhi, kabla treni yenu haijatoka, yatakuwa mbele ya nyumba ya kinyozi na mbele ya vinyozi wote wa kambi zote. Ndani ya fremu ya maziwa kumeandikwa hivi:

“Miye Ngalula, nauza samaki ku soko ya Kenya. Zamani hii gazeti ilisema nilitoa mutoto wangu ku ziwa, nikamupa maziwa ya kopo. Sikusema vile. Sijanunua kopo hata moja. Mutoto wangu Mulumba alinona na maziwa yangu, na ikabakia ya mutoto wa jirani. Mwenye kusema ingine, akuje ku meza yangu aniambie mu macho.”

Na chini yake: “Maneno ya zamani niliyatunga mimi. Wazee waliponiuliza, niliuficha ukweli. Ilunga, mpanga herufi.”

Ni mara ya kwanza jina langu kutoka katika gazeti hilo.

Watanifukuza kesho, pengine kabla ya saa sita. Nyumba wataichukua. Wakipenda kunirudisha Mitwaba kwa barua ya polisi, naijua njia. Nilimweleza mama yako Jumanne. Alikuwa anapiga pasi. Hakuiweka chini.

“Miaka yote hii nilikuwa nangoja,” alisema. “Nilijua utafanya. Sikujua kama nitakuwa ningali hai.” Kisha akasema: “Ndugu yangu iko na shamba Lukafu. Utalima. Na usikuje kusahihisha mahindi.”

Sufuria zake zimekwisha fungwa. Uliniuliza jana kwa nini ukuta umebaki mtupu, nikakuambia tunapaka chokaa. Huo ndio uongo wangu wa mwisho kwako.

Usishuke kwenye treni kwa ajili yetu. Usiandike kwa mkubwa yeyote kuniombea. Sitaki huruma ya mtu aliyenifanya nikae kimya miaka kumi na tisa, na mimi mwenyewe sitakwenda kwa yeyote kofia mkononi. Kofia yangu nimekwisha ivua mbele ya mtu niliyepaswa kumvulia. Na siku wakikuuliza, huko Léopoldville, kama baba yako bado anakaa kwenye nyumba ya Kampuni, wajibu kwa furaha kwamba hapana. Hawana tena cha kukushikia. Kile utakachokisoma mbele ya chombo chao, na kile utakachokikataa, kitakuwa chako.

Mama Ngalula atakuja stesheni kesho. Anajua yote. Ataleta samaki wa njiani, mafurushi mawili. Usimshukuru kama mteja. Mwite Mama; alikuwa mama yako kabla wa kwako hajapona.

Furushi moja ni lenu, wewe na mjomba wako. La pili si lenu. Treni yenu itapita Kasai, nayo itasimama Luluabourg muda mrefu. Mjomba wako, anayejua watu wote wa reli, amekwisha uliza kwa siri: karani wa mizigo wa stesheni ile ni kijana wa umri wako, anaitwa Mulumba, mwana wa Kazadi. Aliambiwa tangu utoto kwamba mama yake alimnyima ziwa.

Nakala moja ya gazeti la kesho imo chini ya nguo zako, upande wa kulia. Mwamshe mjomba wako, shuka, umpe Mulumba samaki, kisha umpe gazeti, ukurasa wa tatu. Usimweleze. Ni karani, atasoma mwenyewe. Atasoma mara mbili, kisha atakuuliza, kama mtu mwenye akili anavyopaswa kuliuliza gazeti lolote: nitajuaje kwamba safari hii ni kweli?

Hapo, mwanangu, ndipo sauti yako itakapofanya kazi yake ya kwanza. Mwambie: “Najua mimi. Yaliyobaki niliyanyonya mimi.”

Baba yako